Kutoka filamu za kutisha hadi vichekesho: mtunzi wa muziki anavukaje?

Msomaji mmoja ameuliza: "Mimi ni mpiga kinanda. Nimetunga muziki wa filamu fupi tatu, mbili za kutisha na moja ya taharuki. Mwongozaji wa ile ya taharuki sasa ana filamu ya vichekesho ya dakika 90 na anataka nimtungie. Wapo wanaoniambia nibaki kwenye filamu za kutisha ili jina lijengeke, na wapo wanaosema mtunzi asiyemudu kila aina hafiki mbali. Nishike lipi? Nikikubali nianzie wapi, itanichukua muda gani, na malipo tuyapangeje?"

Kubali. Vichekesho si kazi nyepesi, lakini aliyekuita anajua jinsi unavyofanya kazi, na hilo ndilo huwavusha watunzi kutoka aina moja ya filamu hadi nyingine. Wenzako wanabishana kuhusu aina. Ukizitazama safari za watunzi waliodumu, utakuta kwamba nyuma ya kila mvuko mkubwa palikuwa na mwongozaji. John Williams alianza kufanya kazi na Steven Spielberg mwaka 1974. Mwaka uliofuata walifanya filamu ya papa anayekula watu, kisha Spielberg akaenda kwenye viumbe wa anga, kwenye vita, kwenye historia, na Williams akaenda naye. Katika mwaka mmoja tu wa 1993 wawili hao walitoa filamu ya dinosaria na nyingine ya mauaji ya Wayahudi, kazi mbili zilizohitaji sauti tofauti kabisa. Hakuna aliyemwita Williams kwa sababu ni "mtunzi wa dinosaria". Aliitwa kwa sababu Spielberg alimwamini.

Elmer Bernstein anakuhusu zaidi. Kwa zaidi ya miaka 20 alijulikana kwa filamu nzito na za magharibi ya Marekani. Mwaka 1978 John Landis, mwongozaji kijana aliyekuwa rafiki wa mwanawe, alimwomba atunge muziki wa komedi ya wanafunzi wa chuo. Landis hakutaka muziki wa kuchekesha. Alitaka muziki ule ule wa dhati ambao Bernstein aliuzoea. Mwaka 1980 Bernstein alirudia mbinu hiyo kwenye komedi ya ndege iliyopoteza marubani wake: muziki unaenda kana kwamba abiria wako hatarini kweli, na kwa sababu hautabasamu, kila upuuzi kwenye picha unaonekana upuuzi maradufu. Baada ya hapo kazi za vichekesho zilimfuata miaka mingi.

Ushauri wa kubaki kwenye aina moja una ukweli, ila ni ukweli wa mwanzoni tu. Kazi mbili tatu za aina moja zinakupa pa kuanzia, kwa kuwa mtayarishaji anapotafuta mtunzi husikiliza sampuli kwa dakika chache na anataka kusikia kitu kinachofanana na filamu yake. Zikifika tano bila mchanganyiko, jina lako linaanza kutajwa kwa sentensi moja, "yule wa filamu za kutisha", na sentensi hiyo ni ngumu kuifuta. Kichekesho kimoja kikiingia mapema kwenye orodha yako kinabadilisha sentensi hiyo.

Nao wanaosema ujue kila kitu wanakuelekeza kwenye mtego mwingine. Huhitaji kila kitu. Unahitaji kusoma sini, yaani kila tukio la filamu linalofanyika mahali pamoja na kwa wakati mmoja. Kabla hujagusa kinanda, jiulize mambo matatu kwa kila sini: tuko upande wa nani hapa, mtazamaji anajua nini ambacho mhusika hajui, na picha yenyewe imeshasema nini ambacho muziki hauna haja ya kukirudia. Maswali haya hayabadiliki kati ya filamu ya mauaji na ya harusi. Yanayobadilika ni majibu.

Sasa tazama ulicho nacho mkononi tayari. Filamu ya kutisha na ya vichekesho ni ndugu wa karibu, kwa sababu zote mbili huishi kwa muda. Mshtuo unafanya kazi kwa ajili ya ukimya ulioutangulia. Utani nao unatua kwa ajili ya nafasi iliyoachwa kabla yake. Umeshajifunza kuondoa sauti moja moja hadi mtazamaji ashike pumzi. Kwenye vichekesho utafanya hivyo hivyo, lakini pale ulipozoea kupiga kishindo utanyamaza kabisa. Muziki ukatike kabla ya neno linalochekesha, nusu sekunde hadi sekunde nzima, neno lisikike peke yake, watu wacheke, kisha muziki urudi kicheko kikianza kupungua. Ukirudi mapema unafunika kicheko na kuwaambia watazamaji wanyamaze. Ukichelewa sana sini inaonekana imekufa.

Kosa la kwanza la anayetoka kwenye aina nyingine ni kutunga muziki unaocheka kabla ya watu. Nyuzi zinadonolewa, basuni inaruka ruka, marimba inafuata kila hatua ya mguu. Mtunzi anadhani anasaidia, kumbe anatangaza utani kabla haujafika. Kosa la pili ni wingi. Filamu ya kutisha ya dakika 90 inaweza kubeba dakika 50 au 60 za muziki bila kuchosha, kwa sababu sehemu kubwa yake ni mngurumo na hewa. Komedi ya urefu huo mara nyingi hutosheka na dakika 25 hadi 40, na vipande vingi ni vifupi, sekunde 15 hadi 50, vya kuvusha kutoka sini moja hadi nyingine. Vifupi havimaanishi rahisi. Kipande cha sekunde 20 kinahitaji wazo, mwendo na mwisho kama cha dakika tatu.

Kosa la tatu ni kugombana na maneno. Komedi ni mazungumzo. Sauti ya mwanamume huanzia karibu hezi 85 hadi 180 na ya mwanamke karibu 165 hadi 255, lakini konsonanti zinazotufanya tuelewe maneno zimejaa zaidi kati ya kilohezi 1 na 4. Kwa hiyo selo inayoimba melodia katikati ya maneno ya mwanamume inamfunika, na gitaa lenye ncha kali linakula konsonanti za kila mtu. Mtu anaposema, shika noti ndefu au mdundo mwepesi usiobadilika. Melodia iingie kwenye mapengo, mtu anapovuta pumzi, anapogeuka, anapofungua mlango. Jaribu hivi: cheza sini pamoja na mazungumzo kwa sauti ndogo mno, kiasi cha kusikika kwa shida. Ukipoteza neno hata moja, rudi ukapunguze noti, usipunguze sauti tu. Muziki ulioshushwa kwa sababu una noti nyingi husikika kama redio ya jirani.

Kujifunza aina usiyoizoea kunakuhitaji wiki mbili tatu za kazi ya daftari. Chukua filamu tano za vichekesho zinazofanana na hii kwa mwendo na kwa aina ya utani. Katika kila moja chagua dakika 20 na uandike: muziki unaanza sekunde gani, nini kimetokea hapo, ala zipi, unakwisha sekunde gani na kwa nini hapo. Usisikilize kwa ajili ya melodia. Andika zaidi sehemu ambazo muziki haupo, maana ndiko siri ya aina hii iliko. Mwisho utakuwa na kurasa kama kumi, na utaona mwenyewe kwamba vipande vingi huanza kwenye badiliko la nia ya mhusika, si kwenye badiliko la picha.

Kisha jiwekee mpaka wa ala. Hapa ndipo mtunzi anayehama kati ya aina anabaki na sura yake. Bernard Herrmann alitumia ala za nyuzi peke yake kwenye filamu ya kutisha ya Hitchcock ya mwaka 1960. Jerry Goldsmith aliitwa mwaka 1974 kutunga upya muziki wa filamu ya upelelezi ambayo muziki wake wa kwanza ulikataliwa. Alikuwa na siku kama kumi, akachagua tarumbeta moja, piano nne, vinubi vinne, nyuzi na ala za kugonga. Uchache huo uliokoa muda na ukaipa filamu sauti isiyosahaulika. Wewe chagua ala tano hadi saba kwa filamu nzima na ushikilie hapo. Angalau moja ipigwe na mtu halisi. Klarineti moja iliyorekodiwa vizuri juu ya sauti za ala za kompyuta inainua kundi zima, kwa sababu sikio linafuata pumzi ya mtu na kusamehe mengine. Filamu ikihitaji mdundo wa jazi nawe hukulia humo, mlipe mpiga ngoma wa jazi. Usiuige kwa vidole viwili.

Tuje kwenye hatua zenyewe. Kikao cha kwanza ni cha kupanga muziki: wewe, mwongozaji na mhariri mnatazama filamu mwanzo hadi mwisho, mkisimama kila mahali muziki unapoweza kuingia. Kwa kila kipande andika namba, taimukodi (saa, dakika, sekunde na fremu ya filamu) ya kuingia, ya kutoka, na sentensi moja ya sababu. Kipande kisicho na sababu ya sentensi moja kiondoe pale pale. Mwongozaji akisema "hapa weka kitu chochote", mara nyingi shida iko kwenye uhariri, na muziki hautaitibu.

Kabla ya kupokea picha uliza kasi ya fremu, yaani picha ngapi kwa sekunde: 23.976, 24 au 25. Hili linaonekana dogo hadi siku ya kuchanganya sauti. Tofauti ya 23.976 na 24 ni sehemu moja kwa elfu, lakini kwenye kipande cha filamu cha dakika 20 tayari ni sekunde 1.2. Mkato wa muziki uliokaa sawa kwako hautaangukia tena kwenye utani. Rekodi kwa kilohezi 48 na biti 24, na hakikisha faili ya picha ina taimukodi inayoonekana kwenye kioo, ili nyote mzungumze kwa namba zile zile.

Hesabu ya kasi nayo haikwepeki. Chukua mfano: muziki unaanza kwenye sekunde 0 na unatakiwa ukatike sekunde ya 47, kabla mhusika hajasema neno lake. Umependa mwendo wa mapigo 96 kwa dakika. Kila pigo ni sekunde 0.625, na sekunde 47 ni mapigo 75.2. Pigo la karibu linaanguka sekunde 0.125 mapema, yaani fremu tatu kwa kasi ya fremu 24. Kwenye sini ya huzuni hakuna atakayegundua. Kwenye utani kila mtu atahisi kitu hakikukaa. Njia ya kwanza ni kushusha kasi hadi 95.74, mapigo yawe 75 kamili. Lakini 75 haigawanyiki kwa nne, hivyo muziki utakatikia kwenye pigo la nne la mzingo, yaani la kundi la mapigo manne. Weka mizingo 18 ya mapigo manne na mmoja wa mapigo matatu, na mkato utaangukia pigo la kwanza, penye nguvu. Au pandisha kasi hadi 97.02, upate mapigo 76, mizingo 19 iliyotimia bila kuvunja mzingo wowote. Jaribu zote na usikilize ipi inaonekana ya asili. Mzingo uliopunguzwa pigo moja huwa na ukakasi kidogo unaofaa vichekesho.

Kitakachokusumbua zaidi ya hesabu ni muziki wa muda. Mhariri anapokata picha huweka muziki uliopo tayari ili aone mwendo, mwongozaji anausikia mara mia, na mwisho anaupenda kuliko wowote utakaoleta. Stanley Kubrick alikata filamu yake ya anga ya mwaka 1968 kwa vipande vya muziki wa kale na wa kisasa vilivyokuwepo, akavibakiza, na muziki wote alioutunga Alex North ukaachwa. Njia ya kujikinga ni kuwahi. Mpe mhariri dakika nne au tano za michoro yako kabla hajaanza kukata, hata kama ni piano tupu, ili asikie wewe badala ya mwingine. Ikiwa amechelewa na muziki wa muda umeshakaa, usimwulize mwongozaji kama anaupenda. Mwulize anapenda nini ndani yake: mwendo, uzito, rangi ya ala, au nafasi inayoachwa kwa maneno. Chukua jibu hilo moja na uache mengine yote. Unaweza kubaki karibu na mwendo na wingi wa noti. Melodia, mfuatano wa akodi na mpangilio wa ala lazima viwe vyako, vinginevyo unakaribisha kesi ya hakimiliki ambayo mkataba utakubebesha wewe.

Muda sasa. Mtunzi mwenye ala zake tayari kwenye programu hutoa kama dakika mbili za muziki uliokamilika kwa siku. Siku za kwanza za kutafuta sauti ya filamu hutoa sifuri, na hilo ni sawa. Kwa dakika 30 hesabu siku tatu hadi tano za kutafuta mada, yaani melodia kuu za filamu, siku 15 za kutunga, siku tano za marekebisho, kisha wiki moja ya kurekodi wapigaji na kuchanganya. Jumla ni wiki tano au sita. Ukiambiwa wiki tatu, usikubali dakika zile zile. Punguza muziki au omba fedha za msaidizi. Na hesabu hii yote inasimama juu ya sharti moja, kwamba picha imefungwa, yaani uhariri umekwisha na haubadilishwi tena. Picha ikibadilika baada ya kutunga, mkato wa fremu 20 kwenye sini unavunja kila kipande kinachopita hapo, na kurekebisha huchukua karibu nusu ya muda wa kutunga.

Unapokabidhi, usitoe faili moja ya muziki kamili peke yake. Toa pia mafungu manne hadi sita: ngoma na ala za kugonga, besi, nyuzi, ala za kupuliza, ala ya melodia, na sauti za kielektroniki. Yote yaanzie taimukodi ile ile na yawe na urefu ule ule. Mchanganyaji wa sauti akiona melodia inafunika neno, anaishusha yenyewe na kuacha mengine. Kosa linalojirudia ni kubana sauti (kupunguza tofauti kati ya kubwa na ndogo) kwa kifaa kimoja kwenye njia kuu inayobeba ala zote, kisha kutoa mafungu bila kifaa hicho, au kila fungu likibanwa peke yake. Mafungu yakijumlishwa hayatoi tena muziki ulioidhinishwa, na mwongozaji anauliza nani ameharibu. Weka mwangwi wa kila fungu ndani ya fungu hilo, ondoa ubanaji kwenye njia kuu, na kabla ya kutuma jumlisha mafungu mwenyewe ulinganishe na muziki kamili.

Malipo huja kwa namna mbili. Ya kwanza unalipwa ada ya utunzi, na uzalishaji unagharimia wapigaji na studio. Ya pili unapewa fungu moja la fedha ulipie kila kitu, kinachobaki ni chako. Kwa filamu ndogo utapewa ya pili karibu kila mara, na ndiyo inayowamaliza watunzi wapya: wanahesabu fungu lote kama mshahara, kisha wapigaji, studio na mchanganyaji wanalila. Kabla ya kusaini andika gharama zote, ongeza asilimia 10 kwa dharura, utoe kwenye fungu. Kilichobaki gawa kwa siku zako 30 hivi. Ikiwa siku moja haikulipi kiasi unachoweza kuishi nacho, jadili idadi ya dakika kwanza, fedha baadaye, maana dakika ni rahisi kwa mtayarishaji kuzitoa.

Mkataba utaje dakika za juu kabisa za muziki, raundi mbili za marekebisho kwa kila kipande, tarehe ya kufungwa kwa picha na malipo ya ziada picha ikifunguliwa tena, jina lako litakavyoandikwa kwenye filamu, na nani analipia nyimbo za watu wengine zitakazotumika, kwa sababu hizo si kazi ya fungu lako. Malipo yawe mafungu matatu: theluthi wakati wa kusaini, theluthi muziki unapoidhinishwa kwa mfano wa kompyuta, theluthi siku ya kukabidhi. Iandikwe pia kwamba muziki ukiachwa baada ya kutungwa, unalipwa kwa hatua uliyofikia. Muziki uliokataliwa si aibu katika fani hii. Kutolipwa ndiko kunakoumiza.

Mtayarishaji akimiliki muziki, jambo la kawaida kwenye filamu zenye fedha, shikilia sehemu ya mtunzi ya mirabaha ya utendaji, yaani malipo ya kila mara muziki unaporushwa au kupigwa hadharani. Mirabaha hiyo kwa desturi hugawanywa nusu ya mtunzi na nusu ya mchapishaji, anayesimamia haki za muziki, na nusu yako usiitoe kwa ahadi yoyote. Ikiwa fedha ni kidogo mno, badilisha sura ya makubaliano: unabaki mmiliki, na uzalishaji unapata leseni ya kutumia muziki huo kwenye filamu hiyo tu. Huo ni msimamo wa haki na watayarishaji wengi wadogo huukubali wakielezwa.

Mirabaha haiji yenyewe. Jiandikishe kwenye chama cha kukusanya mirabaha, kisha hakikisha orodha ya vipande vya muziki wa filamu inajazwa na kuwasilishwa: jina la kila kipande, urefu wake kwa sekunde, namna kilivyotumika, mtunzi, mchapishaji na asilimia zao. Bila orodha hiyo filamu inaweza kurushwa kwenye runinga mara 50 na usipate chochote, kwa kuwa hakuna anayejua ulipwe nini. Ijaze mwenyewe wiki ya kukabidhi na umpe mtayarishaji aipitie. Ukimwachia yeye itasubiri mwaka. Ujue pia kwamba Marekani majumba ya sinema hayalipi mirabaha ya utendaji kwa muziki wa filamu, wakati nchi nyingi za Ulaya yanalipa, na runinga hulipa kote kuwili. Filamu iliyojaza kumbi Marekani inaweza kukuletea kidogo kuliko ile iliyopita kwenye runinga ya Ulaya.

Kuhusu aina nyingine utakazokutana nazo baada ya hii, machache tu. Kwenye filamu za mapigano, ngoma zako zitagombana na milio ya risasi na magari, hivyo mwulize mtu wa sauti mapema milipuko iko wapi ili uondoe besi hapo na upande kwenye noti za juu. Kwenye filamu za makala, zinazohusu watu na mambo halisi, muziki usimhukumu mtu kabla hajasema. Andika vipande virefu visivyo na kilele, vyenye mahali pengi pa kukatia. Katuni hula muziki kuliko aina zote na kasi hubadilika kila sekunde chache, hivyo usiichukue peke yako mara ya kwanza.

Njia nyingine ya kukusanya aina nyingi ni kufanya kazi za pembeni. Ennio Morricone, kabla na wakati wa filamu zake za mwanzo, alipanga nyimbo za pop kwa kampuni ya rekodi nchini Italia, na Goldsmith alipitia redio na runinga za miaka ya 1950, ambako kila wiki ilileta hadithi nyingine. Kupanga ala kwa mtunzi mwingine au kuhariri muziki wake kunakufundisha aina ambazo hakuna angekupa mwenyewe bado.

Sampuli za kazi zako zitenganishe. Kiungo kimoja kwa aina moja, video tatu za sekunde 60 hadi 90, zote na picha na mazungumzo yake, iliyo bora ikiwa ya kwanza. Usimpe mtu aina nane kwenye mkusanyiko mmoja. Anasikia mtu asiye na sauti yake. Komedi hii ikiisha, omba idhini ya maandishi ya kutumia sini tatu.

Kwa mwongozaji wako, wiki hii mwombe muswada, tarehe ya kufunga picha, kasi ya fremu, na sini mbili zilizokatwa: moja yenye mazungumzo mengi, moja bila maneno. Zitungie hizo kabla ya mkataba kufungwa, zisizidi dakika mbili kwa jumla, mjue kama mnasikia filamu moja. Mkikubaliana, usianze na muziki wa ufunguzi. Anza na sini ya katikati ambapo mhusika mkuu anaaibika kweli kweli, utafute mada ya polepole inayomwonea huruma. Mada inayosimama hapo ukiiongezea kasi maradufu itafaa kwa mbio na fujo zake zote, na ukiishusha itafaa kwa upatanisho wa mwisho. Iliyobuniwa ili kuchekesha haiwezi kurudi nyuma ikawa na moyo. Muziki wa ufunguzi utunge wiki ya mwisho, ukishajua filamu nzima ina sauti gani.